Fundi kukujazia magemu ya zamani kwenye PSP, ni wizi au siyo?

Mleta mada (Moshi): Wakuu tuwekane sawa. Kuna fundi huku mjini ukimpelekea PSP, ile PlayStation ya mkononi, anaichipu (anaifungua ikubali programu za nje), anachomeka ile adapta inayobeba memori kadi ya simu, anakujazia magemu mpaka ya Super Nintendo, ile mashine ya zamani ya Nintendo, unampa chake unasepa. Jana kijiweni jamaa kakomaa kwamba huyo ni mwizi na emyuleta zote zipigwe marufuku. Mi nakataa, ila sikatai yote.

Emyuleta ni programu tu inayoigiza mashine. Sony waliwashtaki Connectix kule Marekani kwa kutengeneza programu ya kucheza gemu za PlayStation kwenye kompyuta, na mwaka 2000 mahakama ya rufaa ikawa upande wa Connectix. Hata PPSSPP, emyuleta ya PSP mnayopigia PES kwenye simu zenu, ni bure na msimbo wake (code) uko wazi kila mtu anauona. Hombruu nazo hivyo hivyo, mtu kakaa kaandika programu yake mwenyewe bila kumuomba ruhusa mwenye mashine, kosa liko wapi? Ishu ni gemu lenyewe, lile lina mwenyewe.

Mdau wa Majengo: Mkuu unazunguka mbuyu. Sheria ya Hakimiliki ipo tangu 1999, COSOTA, ofisi ya hakimiliki, wapo, nakala ni nakala. Na hao wa emyuleta unaowatetea, Yuzu, emyuleta ya Switch ambayo ni mashine ya Nintendo, ilishtakiwa na Nintendo Februari 2024, Machi tu wakakubali kulipa dola milioni 2.4 na kufunga. Kama hawana kosa walilipa ya nini?

Wa Chuga: Acheni unoko bana. Nintendo wenyewe walifunga duka la mtandaoni la 3DS, mashine yao ya mkononi, tarehe 27 Machi 2023, uje na hela mkononi hakuna wa kukuuzia. Utafiti wa 2023 ulisema asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotoka Marekani kabla ya 2010 hazipo tena sokoni, na hiyo ni Marekani, sembuse sisi huku Ngarenaro ambako hata lilipokuwa jipya hatukuliona dukani. Anayeibiwa nani hapo?

Mleta mada: Wa Majengo, Switch ilikuwa bado inauzwa, usiichanganye na Super Nintendo, mashine ya 1990. Kesi yenyewe haikusikilizwa mpaka mwisho, waliyamaliza kwa makubaliano. Ila Wa Chuga na wewe usiteleze, duka kufungwa hakulifanyi gemu liwe la fundi. Mi namlipa kazi ya mikono, kuchipu, kuseti, sawa kabisa, lakini yeye anachaji gemu moja moja kama yeye ndo kalitengeneza, na mbaya zaidi hata zile hombruu za bure anazipangia bei, jamaa aliyeziandika hapati hata asante. Hapo ndo naona wizi.

Mdau wa Majengo: Sasa akikuwekea hombruu tupu nani atapanga foleni kwake? Madogo wanataka GTA.