Gumzo la Ukoo: Monk na Nellie

Mjomba Saidi: 🎵 [sauti, dk 3] Msikilizeni Thelonious Monk, mpiga piano wa jazi wa Marekani.

Shangazi Mwajuma: Shikamoo kaka. Huyu kalewa au kinanda ndiyo kibovu? 😂

Mjomba Saidi: Marahaba. Hajalewa. Anabonyeza vibao viwili vilivyopakana kwa mpigo mmoja, makusudi. Vidole kavilaza bapa, mwalimu wa piano angemchapa.

Idi: Si ndiye yule aliyekuwa akiinuka katikati ya wimbo anacheza peke yake jukwaani, wenzake wanaendelea kupiga?

Mjomba Saidi: Ndiye. Miaka ya 1940 alikuwa mpiga piano wa klabu ya Minton's kule Harlem, New York, ilikopikwa bibopu, jazi ya mtindo mpya. Sifa wakazoa wanamuziki wenzake kina Charlie Parker na Dizzy Gillespie, yeye akaitwa mwehu.

Idi: Na lile la polisi?

Mjomba Saidi: 1951. Yuko garini na rafiki yake Bud Powell, mpiga piano mwenzake, polisi wakakuta heroini. Akagoma kumtaja mwenzake. Akafungwa, na alipotoka wakamnyang'anya kibali cha kupiga kwenye vilabu vya New York vinavyouza pombe. Na jazi ilikuwa huko huko! Hadi 1957.

Shangazi Mwajuma: Miaka sita?? Watoto walikula nini?

Mjomba Saidi: Mkewe Nellie ndiye aliyehangaika na vibarua. Binti yao kazaliwa 1953, katikati ya balaa hilo.

Shangazi Mwajuma: Enhe! Mume analinda urafiki, mke anatafuta unga. Picha ukutani ya nani?

Rehema: 😂😂 Shangazi jamani

Mjomba Saidi: Mwajuma, hapo sikubishii. Ila 1957 Nellie alipofanyiwa upasuaji, Monk alimtungia wimbo, Crepuscule with Nellie. Bendi yake kila mtu alikuwa na zamu ya kujimwaga, kubuni muziki papo hapo, lakini huo unapigwa kama ulivyoandikwa, hakuna mbwembwe.

Idi: Mwaka huo huo akarudi, klabu ya Five Spot, New York, na John Coltrane kwenye saksafoni. 1964 yuko jalada la gazeti la Time.

Rehema: Kwa hiyo mwisho wake mzuri?

Mjomba Saidi: Nusu. Akili ilimsumbua miaka mingi. Katikati ya miaka ya 1970 akaacha kupiga, akaishi New Jersey kwa rafiki yao Pannonica, piano ipo, haigusi. Kafariki 1982. Tuzo ya Pulitzer wakampa 2006, kaburini.

Shangazi Mwajuma: Nitumie huo wa Nellie. Ule wa kwanza baki nao.