Kifungo kimeisha, rufaa ya nini tena?

Binti Kisauni: Naombeni maoni yenu. Kakangu alifungwa miaka miwili kwa kosa la kuiba magunia ya mchele kwenye bohari moja ya Shimanzi, Mombasa, alikokuwa kibarua. Tukakata rufaa ndani ya wiki mbili. Yeye yuko gerezani Shimo la Tewa, huku nje mara kesi haijapigwa chapa, mara faili haionekani. Akapunguziwa theluthi kwa nidhamu, akatoka baada ya miezi 16. Sasa ndipo Mahakama Kuu imetuita, na upande wa mashtaka wasema rufaa imepitwa na wakati, kifungo ameshakimaliza. Fidia hataki. Anataka jina lake. Isikizwe au faili ifungwe?

Fundi wa Tudor: Ifungwe. Jaji hawezi kumrudishia hiyo miezi 16. Wako watu leo hii wamelala sakafuni wanangoja zamu hiyo hiyo, naye analala kwao. Awapishe. Halafu muda wa kukata rufaa ni siku 30, hizo wiki mbili mmezitoa wapi?

Msomi Mdogo: Ni 14. Na Ibara ya 50 ya Katiba yampa haki ya rufaa kila aliyetiwa hatiani, haikusema mpaka awe ndani. Tena angalieni: kwa sheria yetu mrufani akifa rufaa yake hufa naye, ila rufaa ya faini hubaki. Pesa za maiti zasikizwa, jina la aliye hai lisisikizwe? Hata Marekani mwaka 1968, mfungwa mmoja, Sibron, alikuwa ameshamaliza miezi yake sita na bado Mahakama ya Juu ikamsikiza, kwa kuwa hatia humfuata mtu mpaka nje. Lakini dada, kwa nini hamkuomba dhamana wakati rufaa inangoja? Familia nayo ilizembea.

Binti Kisauni: Ilizembea? Tuliomba, tukapewa, wakataka mdhamini mwenye hati ya ardhi. Nyumba yetu alijenga babu, lakini kiwanja si chetu, twalipa kodi ya ardhi kila mwezi. Mamangu alibeba risiti zote kwenye mfuko wa nailoni. Karani akazifunua moja moja, taratibu, kisha akamwambia, "Mama, hizi si hati." Usiniambie kuzembea.

Mzee wa Likoni: Hapo mwanangu umegusa donda. Nyumba bila shamba ndiyo maisha ya nusu ya mtaa wangu. Umejenga, umezika wazazi, na mwenye ardhi humjui sura.

Fundi wa Tudor: Mzee, mwenye ardhi naye ana haki yake. Mtu ukijenga kwenye kiwanja cha mwenzio usije ukalia.

Mzee wa Likoni: Kijana, babu zetu walikuwa hapa kabla ya hiyo karatasi. Aliyekwenda kuandikisha mapema ndiye akawa mwenyewe. Nani kakwambia tunalia?

Mama Kongowea: Fundi, kwenu mna hati au umepanga? Jibu hilo kwanza.

Fundi wa Tudor: Nimepanga. Na kodi nalipa.

Mama Kongowea: Basi siku ukikamatwa, atakayekudhamini ni nani?

Msomi Mdogo: Dada, samahani kwa neno lile. Sikujua.

Binti Kisauni: Nimekusamehe. Ila turudini kwa kakangu jamani. Juzi alipata kazi ya udereva, wakataka cheti cha tabia njema. Alichukuliwa vidole vyote kumi, akarudi nyumbani na wino kwenye kucha, akakaa barazani hataki hata chai. Anajua kitakachosomeka. Huyo ndiye anayeambiwa kifungo kimeisha. Tunasikizwa Jumanne.

Mzee wa Likoni: Mungu awatangulie. Na hizo risiti mwanangu, bado mnazo? Ya zamani kabisa ni ya mwaka gani?