My Fair Lady: hivi Eliza alirudi kwa Higgins ili iweje?

MuviZaKale
Wakuu habari zenu. Nimemaliza kuangalia My Fair Lady ile ya 1964, karibu masaa matatu, na nilikuwa naenjoi kabisa mpaka dakika za mwisho ndo wakanivuruga. Kwa ambao hawajaiona, Eliza ni muuza maua pale Covent Garden, London, Kiingereza chake cha mtaani haswa, Profesa Higgins bingwa wa matamshi anawekeana dau na Kanali Pickering kwamba ndani ya miezi sita binti ataingia kwenye dansi ya ubalozi na hakuna atakayemshtukia. Binti anakomaa, anafaulu, mpaka yule mtaalamu wa lugha Mhungaria anaapa huyu ni damu ya kifalme. Sasa wanarudi nyumbani usiku, wanaume wawili wanapongezana wenyewe kwa wenyewe, Eliza kasimama pembeni kama stuli, hata asante hapati. Anamrushia jamaa ndala zake, anaondoka, safi sana. Halafu mwisho anarudi kwa miguu yake mwenyewe na jamaa anavuta kofia kufunika macho anauliza ndala zangu ziko wapi. Hayo ndo mapenzi??

Mkongwe_Tu
Mkuu hasira zako hata mwenye hadithi alikuwa nazo. Muvi imetoka kwenye tamthilia ya George Bernard Shaw, Pygmalion, ya 1913, na mzee yule hakutaka kabisa hao wawili waishie pamoja. Ilipochezwa London 1914 aliyeigiza Higgins akawa anamtupia Eliza maua mwishoni ili watu waende nyumbani na raha zao, Shaw akawaka. 1916 akaandika kabisa maelezo ya nyongeza kwamba Eliza anaolewa na Freddy, yule kijana anayempenda, na wanafungua duka la maua. Ila wapi, muvi ya 1938 ikamrudisha kwa Higgins na habari za ndala humohumo, na hii ya nyimbo ikafuata njia hiyohiyo. Kichekesho ni kwamba Shaw alipata Oscar ya uandishi kwa hiyo ya 1938 😂

dada_wa_pili
Mnaangalia haraka nyie. Kabla ya hizo ndala jamaa kakaa peke yake anasikiliza sauti ya Eliza aliyoirekodi siku ya kwanza, yule profesa anayejidai hahitaji mtu. Eliza anaingia kimyakimya, anazima mashine, halafu anamalizia ile sentensi mwenyewe kwa lafudhi yake ya zamani, kwamba alinawa uso na mikono kabla ya kuja. Anaweza kuongea kama malkia na kachagua kuongea vile. Huyo hajarudi kuwa mtumishi, anamtania. Na hakuna mahali tumeonyeshwa akizileta hizo ndala, muvi inakata hapohapo.

MuviZaKale
Dada hapo umenigusa kidogo, lakini jamaa hajaomba msamaha hata nusu.

Kaka Mshangao
Mi kinachoniuma sio mapenzi, ni lile swali lake kwamba sasa atakuwa nani. Zamani alikuwa anauza maua, hajiuzi yeye, sasa wamemfanya bibie hana cha kuuza zaidi ya kuolewa. Anarudi Covent Garden asubuhi, wenzake wanaota moto pale hawamtambui, wanamuita kwa heshima kama mgeni. Huku kakataliwa na kule hana hela. Na baba yake mzoa taka yamemkuta hayohayo, karithishwa pesa bila kuomba basi lazima avae suti na aoe kama watu wenye heshima zao, analalamika mwanzo mwisho. Hiyo ndo sehemu nzito, hao akina Higgins wao ni wa kuchekesha tu.

SautiNaPicha
Natoka nje ya mada kidogo. Mnajua nyimbo nyingi za Eliza sio sauti ya Audrey Hepburn aliyemwigiza? Ni ya mwimbaji Marni Nixon. Julie Andrews ndo alicheza Eliza jukwaani Broadway kuanzia 1956, mwenye studio Jack Warner akamruka akitaka jina kubwa. Muvi ikabeba Oscar 8, Audrey hata kuteuliwa hakuteuliwa, na usiku huohuo mwigizaji bora wa kike akawa Julie kwa muvi nyingine kabisa, Mary Poppins. Rex Harrison, yule Higgins, yeye alikataa kufuatisha wimbo uliorekodiwa, wakamfichia maikrofoni kwenye tai akawa anaimba hapohapo kamera ikizunguka, nusu anaongea nusu anaimba, na akapewa Oscar yake.

MuviZaKale
Kumbe! Basi mi naenda na Shaw, aolewe na Freddy yaishe.

dada_wa_pili
Freddy?? Kazi yake kushinda barabarani kwa Eliza anaimba, hana kazi hana hela. Afadhali afungue duka la maua peke yake.