Wanunuzi wa betri mbovu hapa Mbeya, hayo maji mnataka tuyamwage wapi?

Wakuu, shikamooni kwa wanaostahili, wengine mambo vipi. Uzi ni mrefu na nimeuandika nikiwa na hasira. Anayetaka kupita apite tu, sitamlaumu.

Nina bajaji mbili, zinazunguka kati ya Kabwe na Uyole. Mwezi wa pili betri ya moja ikafa kabisa, ukiwasha inalia "tk, tk", basi. Fundi akapima, akasema hapa hakuna cha kuchaji, seli zimeoza, nunua mpya. Nikanunua. Ile mbovu ikakaa barazani siku mbili, akapita kijana wa skrepa na mkokoteni wake na mizani ya kuning'iniza. Nikamletea. Akaitikisa karibu na sikio kama mtu anayechagua nazi, kisha akanirudishia.

"Bosi, mwaga maji kwanza. Mimi sinunui maji."

Nikamuuliza nimwage wapi. Akanyoosha kidevu kuelekea mtaroni.

Na mimi nikamwaga. Sijaja hapa kujifanya msafi. Nilifungua vifuniko vyote sita, nikaigeuza betri kichwa chini juu ya mtaro. Yakatoka maji, yaani ile asidi ya betri, mwishoni likafuata tope la kijivu kama uji wa majivu. Zege la mtaro likachemka povu. Suruali niliyovaa ilipofuliwa ikatoka na matundu kwenye goti, mke wangu akadhani ni panya. Kijana akapima, kilo nane na ushee, akanipa hela ya kula mchana na ya vocha, huyo akaenda zake. Mtaro ule unateremka hadi kijito ambacho kina mama wanamwagilia chainizi na mchicha. Hilo nililijua kabla sijamwaga.

Sasa hasira yenyewe ilipoanzia.

Wiki ileile nilikwenda kutafuta rimu kwenye banda moja la vyuma chakavu, nyumba ya nne kutoka kwangu. Mtaa siutaji na mwenye banda simtaji, sitaki uzi ugeuke kesi ya kuchafuana majina. Wanaokaa huku watajua. Miaka yote nilidhani pale wananunua chupa na mabati tu. Nikaingia hadi nyuma.

Vijana wawili. Mmoja ameshika shoka, anapasua betri juu ya gogo kama anapasua kuni, miguuni ana ndala. Mwingine anachomoa mapleti, yale mabamba ya madini ya risasi ya ndani ya betri, kwa mikono mitupu, anayakung'uta, vumbi la kijivu linapanda hadi usoni. Pembeni kuna nusu pipa limewekwa juu ya mkaa, na feni inapuliza. Ndani ya pipa risasi imeyeyuka, inang'aa kama kioo. Kila baada ya muda wanaengua utando wa juu kwa upawa, upawa kabisa wa jikoni, halafu wanamimina kwenye vikopo vya maziwa ya unga. Ikiganda inakuwa mche, tayari kwa kuuzwa. Ule utando na takataka nyingine wanatupa ukutani, na nyuma ya ukuta huo kuna nyumba ya kupanga yenye familia tano.

Kwenye rundo la maganda ya plastiki nikaona ganda lenye maandishi ya maka peni. Tarehe. Mwandiko wangu. Huwa naandika tarehe ya kununua betri ili muuza duka asinizungushe kwenye waranti. Hela yangu ya mchana ndiyo ile, imerudi nyumbani ikiwa moshi.

Nikamwamkia mzee mwenye banda, nikamuuliza kwa adabu kama hawa vijana hawadhuriki. Akacheka. "Kijana wangu, kila Jumamosi nawanunulia maziwa. Maziwa yanakata sumu."

Jamani. Maziwa ni mazuri na huku kwetu Mungu ametujalia, lakini hayazuii moshi kuingia mapafuni, na hayafuti vumbi lililoganda kwenye nguo anayokwenda nayo kijana kumbeba mwanawe. Risasi ikishaingia mwilini inajificha kwenye mifupa kwa miaka mingi, maana mwili unaidhania ni madini ya kawaida ya mifupa. Mama akiwa mjamzito inatoka mifupani, inarudi kwenye damu, inamfikia mtoto tumboni. Shirika la Afya Duniani linasema wazi kwamba hakuna kiwango cha risasi kwenye damu kinachojulikana kuwa salama. Mtoto mdogo ndiye anaumia zaidi: mkimeza kiasi kilekile, mwili wake unafyonza mara 4 hadi 5 kuliko wako. Na mtoto mdogo kila kitu anatia mdomoni. Inakula akili polepole. Darasani ataitwa mzito, mtundu, hasikii, atachapwa. Hakuna mwalimu atakayewaza habari za betri.

(Risasi ninayosema ni madini, wale wa "bunduki imetoka wapi" tafadhali.)

Kuna watu wataniambia moshi wenyewe mbona mdogo. Risasi inayeyuka kwenye nyuzi joto 327 tu, jiko la mkaa lenye feni linafika huko bila shida, ndiyo maana kila mwenye pipa anajiita kiwanda. Lakini sehemu kubwa ya risasi ya betri haiko kwenye ule waya wa pleti unaoyeyuka kirahisi. Iko kwenye ule unga uliopakwa kwenye pleti, na unga huo hauwi risasi safi kwa moto wa mkaa wa nyuma ya nyumba. Unahitaji tanuri la joto kali, kemikali zake, na vichujio vya kukamata vumbi. Kwa hiyo wa banda anachukua kilicho rahisi, kilichobaki anakitupa. Yale makapi mnayoyaona ukutani bado yamejaa risasi. Na kwenye mtaa wetu kuna mtu aliyaomba akafukia shimo mbele ya geti lake, mvua zilipochimba njia. Watoto wanacheza gololi pale.

Mnadhani nakuza mambo? Thiaroye-sur-Mer, pembeni ya Dakar kule Senegal, watu walifanya hivihivi miaka mingi, wanapasua betri mchangani. Bei ya risasi ilipopanda wakaanza kuchekecha ule mchanga na kubeba viroba nyumbani. Kati ya mwisho wa 2007 na mwanzo wa 2008 walikufa watoto 18. Na tusiende mbali. Panda TAZARA hapo Iyunga, shuka Kapiri Mposhi, endelea kusini kidogo unafika Kabwe. Siyo hii Kabwe yetu ya karibu na Mwanjelwa, Kabwe ya Zambia. Mgodi wao wa risasi ulifungwa 1994, na watoto waliozaliwa miaka mingi baada ya hapo bado wanapimwa na kukutwa na risasi kwenye damu. Udongo hausahau.

Basi nikaanza safari ya ofisi.

Mwenyekiti wa mtaa: andika barua. Nikaandika. Mtendaji: hili si letu, ni la watu wa mazingira. Ofisi ya tatu wakataka picha, jina kamili la mmiliki na namba ya kiwanja. Mimi ndiye nikamtafute mtu namba ya kiwanja chake! Ofisi ya nne, sitaitaja, dada wa watu alinisikiliza vizuri sana, akaandika kila kitu, mwishoni akaniambia gari ipo ila mafuta hakuna. Nikamwambia dada, mimi nina bajaji, nitawapakia bure kwenda na kurudi. Akaona namtania. Sikuwa natania. Mwezi wa nne huu.

Kinachoniudhi ni kwamba sheria ipo. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ni ya 2004. Inampa kila mtu anayeishi Tanzania haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, na inamruhusu kwenda mahakamani akiona haki hiyo inavunjwa. Betri mbovu ya asidi ni taka hatarishi. Kuikusanya, kuisafirisha, kuihifadhi, kuiyeyusha, kote huko kunatakiwa kibali. Hata kuivusha Tunduma huwezi kuamua tu na dereva wako wa lori. Nchi inayopokea lazima iwe imekubali kwanza kwa maandishi, ndivyo Mkataba wa Basel, ule wa kimataifa wa kuvusha taka hatarishi mipakani, unavyotaka. Karatasi tunazo nzuri kabisa. Ila karatasi hazijawahi kufika kwenye mizani ya mkokoteni, na biashara nzima inaanzia pale.

Nisikilizeni hapa kwenye mizani, maana ndiyo sababu ya uzi.

Kijana wa mkokoteni hanunui maji kwa sababu anayemuuzia naye hanunui maji. Kwa hiyo kila mmoja wetu, mwenye bajaji, mwenye Noah, kinyozi mwenye betri ya sola, mwalimu wa kijijini aliyefungiwa sola ikamfia, kila mmoja anamwaga kwake. Kwa mafungu madogomadogo. Hakuna siku utaona mto wa asidi ukapiga picha ukapeleka ofisini. Halafu yule mwenye kiwanda chenye kibali, anayepokea betri nzima na maji yake, anatibu asidi, anafunga vichujio, anapima damu za wafanyakazi wake, gharama zote hizo zinakula bei anayoweza kukupa wewe. Wa banda hana gharama yoyote kati ya hizo. Ametubebesha sisi: kijito, ukuta, mapafu ya wale vijana. Ndiyo maana bei yake inakuwa nzuri. Tunashangilia shilingi mia mbili ya nyongeza kwa kilo na hatuulizi imetoka wapi.

Najua atakuja mtu na "unataka vijana wakaibe?" Ndugu yangu, sijasema wakusanyaji waondolewe. Yule kijana wa mkokoteni anafika kwenye vichochoro ambavyo gari la kiwanda haliwezi kufika. Alipwe kwa betri nzima, na maji yake, isiyopasuliwa. Abebe ikiwa imesimama. Kazi yake ibaki ileile, tena mikono yake isibabuke.

Na dukani. Wakuu, kreti la soda hulipati bila kurudisha kreti la chupa tupu, na kama huna unaacha hela ya chupa. Mama mwenye kioski anaujua utaratibu huo, hajasomea mazingira. Chupa ya soda ina wa kuisimamia hadi irudi, betri yenye kilo kadhaa za sumu haina! Muuza betri mpya alazimishwe kupokea mbovu ikiwa na maji yake, mnunuzi aache hela ya ganda, akirudisha anapewa. Wapo wenye maduka wanaopunguza bei ukileta ya zamani, nawapongeza, lakini hiyo ni hiari yao na hakuna anayewauliza wanaipeleka wapi baada ya hapo.

Nina mtoto wa miaka mitatu. Anacheza nje, kama wote. Nilimpeleka hospitali moja nikaomba apimwe risasi kwenye damu. Daktari kijana, mstaarabu, akasema kipimo hicho pale hawana. Akaniandikia dawa ya minyoo. Sasa hivi kila akisema tumbo linauma nabaki namtazama.

Mombasa kuna mtaa unaitwa Owino Uhuru. Kiwanda cha kuyeyusha betri kilianza pale 2007, wakazi wakaumwa, mama mmoja aliyekuwa mfanyakazi wa kiwanda hicho, Phyllis Omido, mtoto wake naye akakutwa na risasi. Akaanza kelele. Alikamatwa, alitishwa, hakunyamaza, kiwanda kikafungwa 2014. Mwaka 2020 mahakama ikaamuru wakazi walipwe shilingi za Kenya bilioni 1.3, rufaa ikavuruga hukumu hiyo, Mahakama ya Juu ikaja kuirudisha Desemba 2024. Hesabuni wenyewe miaka. Na wale walikuwa na kiwanda chenye geti na ukuta wa kuelekezea kidole. Sisi tuna nusu pipa na feni, leo lipo hapa, ukilisumbua kesho limehamia Mbalizi.

Nyongeza: nimepigiwa simu leo asubuhi na mtu wa mtaani, anauliza "wewe ndiye unaandika mambo ya mzee mtandaoni?" Sijamtaja mzee yeyote. Ukijiona humu, umejiona mwenyewe.

Nyongeza ya pili: betri ya bajaji ya pili nayo imekufa juzi. Ipo stoo, imesimama kwenye beseni, ina maji yake yote, na mlango nimeufunga kwa kufuli kwa sababu ya mtoto. Yule kijana wa mkokoteni ameshapita mara mbili kuiulizia. Mwenye kulijua duka au mtu yeyote hapa Mbeya, hata Makambako au Iringa, anayepokea betri bila kukuambia umwage kwanza, aweke hapa chini. Nauli nitalipa mimi.