Zamu za Pamba

Rehema: Habari za asubuhi. Sungura wetu Pamba amekula nyasi kavu usiku na kinyesi kimerudi, vile vigololi vyake vya kawaida. Daktari karuhusu aanze kutembeatembea sakafuni. Dakika 5 asubuhi, 5 jioni, basi. Leo jioni zamu ya nani?

Rehema: Mmesoma watu saba.

Juma: Apelekwe jeshini akaruke kichura 😂

Mjomba: Mie mwenyewe sijanyoosha mguu tangu Jumapili

Rehema: Mjomba, tumbo la sungura likigoma si jambo la mzaha. Hata kutapika hawezi. Akipitisha masaa 12 bila kula ni kumkimbiza kwa daktari. Akitembea, na utumbo unaamka.

Juma: Mjomba na wewe ukitembea...

Rehema: Juma!

Neema: Shikamooni. Ndiyo naona sasa. Zamu yangu nitamfanya nini, nimbebe?

Rehema: Usimbebe, usimfukuze. Tandika zulia, vigae vinamtelezesha na miguu bado haina nguvu. Kaa chini, weka majani hatua mbili mbele, aje mwenyewe. Boksi lake liwe wazi, akichoka aingie. Ukilazimika kumwinua, mkono mmoja chini ya kifua, mwingine chini ya makalio. Akipiga teke akiwa juu juu anaweza kujivunja uti wa mgongo.

Ma'mdogo: Na masikio hayashikwi. Simtaji mtu.

Juma: Ma'mdogo umeshanitaja. Nilikuwa na miaka tisa!

Ma'mdogo: Na yule sungura mweupe alikuwa na miezi mingapi?

Juma: Nilishaomba radhi. Mara ngapi?

Ma'mdogo: Kwa nani? Kwangu hukuja.

Rehema: Jamani hilo baadaye. JIONI NANI?

Mjomba: 🎤 Ujumbe wa sauti (3:42)

Rehema: Mjomba, tuandikie tu.

Babu: Miezi ile sitoki kitandani, huyu sungura alilala miguuni pangu kila siku. Hakupangiwa zamu. Jioni mleteni kwangu.

Neema: Sawa Babu.

Ma'mdogo: Sawa baba.

Rehema: Shikamoo Babu. Ila chumbani kwako ni vigae, na magoti yako...

Babu: Marahaba. Juma atatandika zulia.

Juma: Shikamoo Babu. Nakuja. Saa ngapi?

Rehema: Saa 11 na nusu, joto likipungua, ndipo anapochangamka. Akihema mbiombio au akisaga meno kwa nguvu, ni maumivu, mwache apumzike na unipigie. Ule msago mdogo mdogo ukimpapasa ni raha, usiogope.

Ma'mdogo: Juma ukitoka kwa Babu pitia kwangu.

Juma: Kwa heri au kwa shari?

Rehema: Kesho asubuhi je? Neema?

Rehema: Neema?

Rehema: Mmesoma nane.

Mjomba: Nimeamka. Nani anasaga meno?