Wajukuu wa Ujiji 🐟: gumzo la Jumatano usiku

Shangazi Asha 20:47
Asalaam alaykum wanangu. Naomba mwenye kuelewa anieleweshe. Tumu kajifungia chumbani anapiga kelele "bomu liko B! bomu liko B!" Mama mwenye nyumba kaja kugonga, anauliza kwetu kuna nini.

Rehema 20:48
😂😂😂😂

Ba'mdogo Hamisi 20:50
Waalaykum salaam dada. Bomu gani tena Mwanga hapo?

Tumu 20:51
Shkamoo Ba'mdogo. Ni gemu tu, Counter-Strike 2. Shangazi nilikuwa naongea na wenzangu kwenye timu.

Ba'mdogo Hamisi 20:51
Marahaba. Wenzako wako wapi? Humo chumbani?

Tumu 20:52
Hapana, kwenye intaneti. Mmoja yuko Nairobi, wengine sijui.

Shangazi Asha 20:53
Na nimemsikia anasema "sina hela, nani aninunulie". Tumu, kama ni kamari niambie sasa hivi, nisije nikaambiwa na watu wa nje.

Kaka Sudi 20:58
Shkamoo shangazi, shkamoo Ba'mdogo. Ndiyo natoka kazini. Si kamari, hela zenyewe ni za humo humo ndani ya gemu, hazitoki mfukoni kwa mtu. Dogo umeanza lini kuingia mechi za watu?

Tumu 20:59
Wiki hii kaka. Ila wananitukana sana. Nikinunua bunduki wanasema "tunza!" Nisiponunua wanasema "nunua!" Mpaka nimechoka. Nalenga vizuri tu lakini kila mechi tunapigwa.

Kaka Sudi 21:00
Kulenga siyo shida yako basi. Ngoja nile kwanza nikuandikie, mke wangu kanitolea macho hapa.

Rehema 21:01
Leo mgebuka au dagaa?

Kaka Sudi 21:02
Dodoma mgebuka nautoa wapi dada. Maharage. Yana mawese yale ya shangazi lakini 😋

Kaka Sudi 21:19
Haya. Tumu sikia. Mechi ni watano kwa watano. Upande mmoja (T, magaidi) unatakiwa kutega bomu sehemu ya A au B, upande wa pili (CT, askari) unazuia. Likitegwa, zinabaki sekunde 40 lilipuke. Kulitegua ni sekunde 10, ila ukiwa na koleo ni 5, na koleo linauzwa 400 tu. Nyie wageni hamlinunui kabisa, mnakimbilia bunduki. Halafu imebaki sekunde nane, umeua wote, umesimama juu ya bomu unalitazama tu.

Tumu 21:20
😅

Kaka Sudi 21:22
Raundi 12 mnabadilishana upande. Wa kwanza kufika 13 kashinda. Sasa hela: kila mtu anaanza na 800. Bastola unapewa bure, hiyo 800 labda uchukue kinga ya kifua, 650. AK-47 ni 2,700. Kinga pamoja na kofia ni 1,000. Kwa hiyo ili mtu awe kamili anahitaji kama 3,700, na hapo hajanunua hata bomu la moshi. Mkishindwa raundi bado mnapewa posho, na mkizidi kushindwa mfululizo posho inapanda mpaka 3,400. Ndiyo maana wanakwambia tunza. Raundi hii mnakubali kupigwa na bastola zenu, ili raundi ijayo wote watano mnunue pamoja.

Tumu 21:23
Lakini mimi ninayo 2,900 kaka, kwa nini nisinunue AK yangu?

Shangazi Asha 21:25
Kwa sababu wenzako hawana! Kumbe ndivyo ilivyo. Hiki ni kikoba kabisa. Wewe mmoja ukitoa zako ukanunua peke yako, siku ya wote kununua unakuja mikono mitupu, mnakuwa wanne. Mimi ningekutoa kwenye kikundi.

Ba'mdogo Hamisi 21:26
Dada umeelewa kuliko mwenye gemu 😂

Kaka Sudi 21:27
Shangazi umemaliza. Tena mwenye hela nyingi anaweza kumnunulia asiye nazo, anaidondosha chini mwenzake anaokota. Ndicho alichokuwa anaomba Tumu.

Shangazi Asha 21:28
Hapo sawa, ni kukopeshana. Lakini kelele zipungue.

Rehema 21:29
Kaka Sudi na mimi niulize. Kwani ana bando la kuchezea? Juzi shangazi alilia bando lake la wiki limeisha Jumapili.

Shangazi Asha 21:29
EEH. Hilo nilikuwa sijasema.

Tumu 21:31
Lilikuwa sasisho jamani, lilianza lenyewe.

Kaka Sudi 21:34
Kucheza kwenyewe hakuli bando sana. Kinachoua ni kupakua. Hilo gemu, Valve wenyewe waliolitengeneza wanataka uwe na nafasi ya GB 85 kwenye diski. Usithubutu kulishusha kwa hotspoti ya mtu. Ukiwa na mwenzako mtaani mwenye gemu, kopi faili kwa diski ya nje, au kama kompyuta zote ziko kwenye waifai moja Steam, ile programu unayofungulia gemu, inahamisha yenyewe kutoka mashine moja kwenda nyingine bila kugusa bando. Na ingia kwenye mipangilio ya Steam, panga saa za kusasisha, iwe saa zile bando la usiku linafanya kazi.

Tumu 21:35
Nilikopi kwa jamaa wa Katubuka. Sasisho tu ndiyo lilinizidi.

Ba'mdogo Hamisi 21:37
Na hiyo laptopu yangu niliyokupa inaliweza? Isije ikaungua.

Kaka Sudi 21:39
Inahitaji RAM ya GB 8 na kadi ya picha ya GB 1 kwenda juu. Itahema lakini itakwenda. Shusha ubora wa picha wote mpaka chini, hata wanaocheza kwa kulipwa wengi hawajali urembo, wanataka picha isigande. Dogo unacheza seva gani?

Tumu 21:40
Inanichagulia yenyewe. Saa nyingine naona adui akitokea ukutani, nimeshakufa.

Kaka Sudi 21:43
Pingi hiyo, yaani muda wa mashine yako na seva kuwasiliana. Nenda kwenye mipangilio kuna sehemu ya kuweka pingi ya juu kabisa unayokubali, ishushe, isikutupe huko mbali. Karibu kwetu ni seva za Johannesburg. Na kaa karibu na ruta, usichezee uani.

Tumu 21:44
Na umeme je? Juzi umekatika katikati ya mechi, nimerudi nimefungiwa nisicheze.

Kaka Sudi 21:46
Unapewa dakika chache za kurudi. Zikipita, kwao umewakimbia wenzako, unafungiwa, na ukirudia kifungo kinarefuka. Haijui habari za TANESCO hiyo. Laptopu ijae chaji kabla hujaingia, na data ya simu iwe tayari kama ruta itazima. Siku umeme unarukaruka usiingie mechi ya mashindano kabisa, nenda Deathmatch, ile ya kupigana tu ukifa unarudi, unatoka muda wowote hakuna anayekudai.

Kaka Sudi 21:47
Halafu ungeanzia huko tangu mwanzo. Kuna roboti za kufanyia mazoezi, zile hazina hata haja ya intaneti. Kuna Deathmatch ya kuzoeza mkono. Kuna Casual, kumi kwa kumi, kinga na koleo unapewa bure na risasi zako haziwadhuru wenzako. Ya mashindano zinawaua. Wewe umeruka moja kwa moja kwa watu waliocheza humo miaka kumi. Hili gemu lina historia, toleo la kwanza kabisa ni la 1999, kuna watu walianza kucheza wewe hujazaliwa.

Rehema 21:48
Mzee umemkalia mtoto kooni 😂

Kaka Sudi 21:51
Namsaidia. Ushauri mwingine huu muhimu: acha kupiga risasi huku unakimbia. Risasi zinatawanyika hovyo. Unasimama kwanza, kidogo tu, unapiga, unasogea. Msalaba wa kulengea uuweke urefu wa kichwa muda wote, hata unapotembea mahali hapana mtu. Wengi wanatazama chini kama wameangusha shilingi. Na shikilia Shift ukikaribia, nyayo zako zinasikika.

Tumu 21:52
Hiyo ya Shift nilikuwa siijui

Kaka Sudi 21:53
Ramani nayo chagua moja, Mirage au Dust II, ikae kichwani mpaka ujue kila kona inaitwaje. Maana ukifa kazi yako haijaisha, unawaambia wenzako uliona nini. "Wawili B, mmoja nimemjeruhi." Basi. Usisimulie.

Rehema 21:54
"Bomu liko B! bomu liko B!"

Shangazi Asha 21:54
Mara moja inatosha, wamesikia.

Kaka Sudi 21:55
Na anayekutukana mnyamazishe, kuna kitufe karibu na jina lake ukifungua ubao wa alama. Usimjibu. Ukijibu raundi mbili zinapotea hivi hivi.

Ba'mdogo Hamisi 22:01
Sudi, nina neno. Kijana mmoja hapa Uvinza aliniambia kuna makasha humo, unanunua funguo unafungua unapata bunduki ya rangi. Hiyo umesema si kamari?

Kaka Sudi 22:04
Ba'mdogo hapo umegusa penyewe. Hiyo nisingemtetea. Funguo ni kama dola mbili na nusu, na hujui utatoa nini. Ubelgiji na Uholanzi yalizuiwa kufunguliwa mwaka 2018. Na rangi haiongezi nguvu hata kidogo, AK ya njano na AK ya kawaida zinaua sawa. Tumu ukipata kasha liache hapo hapo.

Shangazi Asha 22:05
Simu yangu yenye hela isiguswe. Nimebadilisha namba ya siri tayari.

Tumu 22:05
Shangazi jamani 😭 sijawahi

Shangazi Asha 22:06
Nimebadilisha tu.

Kaka Sudi 22:09
Na yule atakayekutumia programu ya kuona watu nyuma ya ukuta, usipokee. Wakikukamata akaunti imekwenda, hairudi. Sasa Ijumaa saa 3 usiku tuingie wote wawili, Wingman. Ni wawili kwa wawili, ramani fupi, wa kwanza kufika 9. Hapo nitaona unapokosea.

Rehema 22:10
Na mimi nitajifunza. Wa tatu nakaa wapi?

Kaka Sudi 22:10
Casual, tunaingia watatu. Una laptopu?

Rehema 22:11
Ya chuo. Haina hata mausi.

Kaka Sudi 22:11
Tafuta mausi kwanza dada, kwa kile kibao cha vidole utalia.

Shangazi Asha 22:13
Ijumaa namruhusu. Mwisho saa 5, hedfoni masikioni na asiongee kwa sauti, mama mwenye nyumba nimemwambia ni masomo ya kompyuta. Na vyombo viwe vimeoshwa.

Tumu 22:13
Vya leo nimeshaosha shangazi

Shangazi Asha 22:14
Sufuria la ugali umeliloweka tangu mchana.

Tumu 22:14
Nakwenda