Igizo la Fuchida na DeShazer: kipi cha kweli, kipi kimetiwa chumvi?

KatibuVijana_Ngamiani

Bwana asifiwe, na asalaam aleikum kwa wasio wa kanisa mnaopita humu. Vijana wa usharika hapa Tanga tunaandaa igizo la dakika 25 juu ya askari wawili wa anga, Mitsuo Fuchida wa Japani na Jacob DeShazer wa Marekani, waliokuwa maadui kisha wakahubiri pamoja. Mswada nilioletewa unanitia shaka. Fuchida anarusha ndege mwenyewe Pearl Harbor, kituo cha manowari za Marekani huko Hawaii. DeShazer analipua Tokyo. Halafu wanakutana gerezani, mmoja mlinzi na mwingine mfungwa, wanakumbatiana, kwaya inaingia.

Ukumbini watakuwamo watu ambao babu zao walikwenda Bama (Burma, leo Myanmar) na Keya, jeshi la King's African Rifles, kupigana na Wajapani hao hao, kwa hiyo sitaki tuwapige porojo. Naomba mpangilio wa kweli, na vifaa gani tutafute. Wachezaji ni 9.

MsomaRamani

Katibu, hilo la gerezani lifute leo leo. Wakati wa vita hawa watu hawakuwahi kuonana hata siku moja. Walionana Mei 1950, vita ikiwa imekwisha karibu miaka mitano.

Pearl Harbor: ni Jumapili, 7 Desemba 1941. Japani kalenda ilikuwa imeshafika tarehe 8, kwa hiyo mchezaji wa upande wa Japani akitaja tarehe 8 hajakosea. Mkuu wa msafara baharini alikuwa Admeri Nagumo. Fuchida aliongoza ndege angani, wimbi la kwanza, ndege 183. Na hakushika usukani. Ndege yake ilikuwa Nakajima B5N ya watu 3: mbele rubani, aliyeitwa Matsuzaki, katikati Fuchida kama kiongozi, nyuma mtu wa redio. Panga viti vitatu kwa mstari mmoja, yeye umkalishe cha kati. Ile "Tora, tora, tora" maarufu ilitumwa kwa redio saa 1:53 asubuhi ya kule, kwa alama za Morse, milio mifupi na mirefu, tit tit taa. Hakuna aliyesimama akapiga kelele.

Ukitaka kituko cha kweli, kipo. Walikubaliana fataki moja maana yake adui kalala, wenye torpedo, bomu linalopita majini, watangulie. Fataki mbili maana yake adui yuko macho, walipuaji wa kushuka wima watangulie. Fuchida akarusha moja. Akaona kundi la ndege za kivita halikuitikia, akadhani halikuiona, akarusha nyingine. Kiongozi wa walipuaji akahesabu mbili, akashuka. Mpango ukavurugika dakika za mwanzo kabisa, ingawa shambulio lilifaulu hata hivyo.

DeShazer hakulipua Tokyo. Tarehe 18 Aprili 1942 ndege 16 aina ya B-25, watu watano kila moja, ziliruka kutoka manowari ya kubeba ndege iitwayo Hornet. Yeye, koplo, mtupa mabomu, alikuwa ndege ya 16, ya mwisho, na kazi yao ilikuwa Nagoya. Kwa kuwa msafara uligunduliwa na boti ya doria ya Japani, waliruka mapema, mbali kuliko ilivyopangwa, na ndiyo sababu mafuta yaliwaishia juu ya China wakaruka kwa miavuli usiku. Walioshikwa walikuwa 8, kutoka ndege mbili.

Majina yasiwasumbue. Kijapani kinasomeka kama Kiswahili: Fuchida, Nagoya, Kanegasaki, kila irabu inatamkwa. Anayewapa watu tabu ni Mmarekani: sema "De-Shei-za".

MamaKwaya

Mwanangu Katibu, dakika zako nyingi zipeleke selo. Hapo ndipo penye igizo, ndege ni mbwembwe tu.

DeShazer alikaa mateka miezi 40, na miezi 34 kati ya hiyo alikuwa peke yake. Wenzake watatu walipigwa risasi Oktoba 1942. Waliobaki hukumu yao ya kifo ikageuzwa kuwa kifungo cha maisha. Desemba 1943 akafa wa nne, Robert Meder, kwa njaa na maradhi. Baada ya kifo hicho chakula kikaongezwa kidogo na vitabu vikaruhusiwa, Biblia moja ikiwamo. Maofisa walitangulia kuisoma. Yeye mwenye cheo cha chini ilimfikia Mei 1944, akapewa wiki 3 tu. Usimpe Biblia abaki nayo mpaka mwisho wa igizo! Ilirudishwa, na kwa kujua itarudishwa alikariri alichoweza. Uamuzi wake anauweka tarehe 8 Juni 1944, kwenye Warumi 10:9.

Msamaha wake ulianza kwa jambo dogo. Mlinzi mmoja alimbana mguu kwa mlango wa selo na kumpiga teke mguu huo huo, ukiwa mtupu. Zamu iliyofuata DeShazer akamwamkia kwa adabu, kwa Kijapani: ohayo gozaimasu. Mlinzi akashangaa. Akamwamkia tena kesho yake, na kesho kutwa. Siku zikapita, mlinzi akamletea kiazi kitamu cha kuchemsha. Mwambie mchezaji asikimbilie kiazi: maamkizi matatu, mlinzi abaki kimya mara mbili, ndipo kiazi kije.

Na nakupa siri ya mwandishi. Habari ya Pearl Harbor ilimkuta DeShazer akimenya viazi mbatata jikoni kambini, akakirusha kimoja ukutani kwa hasira akiapa kulipa. Anza na mbatata ukutani, maliza selo na kiazi kitamu. Msimulizi asieleze kitu hapo, watazamaji watajionea. Na menyeni mbatata za kweli. Zile za karatasi zikigonga ukuta hazitoi sauti.

Bandarini

Naongeza upande wa Fuchida, maana hapa watu huruka hatua.

Baada ya vita aliitwa kutoa ushahidi kwenye kesi za makosa ya kivita, akaona ni haki ya mshindi tu. Akaanza kukusanya habari kuthibitisha kwamba Wamarekani nao waliwatesa Wajapani. Mwaka 1947 akakutana na mateka waliorudishwa, mmoja wao Kanegasaki, aliyekuwa fundi wa ndege yake na ambaye alimdhania amekufa kwenye vita vya majini vya Midway, 1942, ambavyo Japani ilishindwa. Hakupata alichotafuta. Kanegasaki alimweleza juu ya Peggy Covell, binti Mmarekani aliyewahudumia mateka wa Kijapani hospitalini, ilhali wazazi wake, wamishonari waliowahi kufundisha Japani, waliuawa na askari wa Kijapani kisiwa cha Panay, Ufilipino, Desemba 1943. Fuchida hakumwelewa. Kwake kisasi kilikuwa wajibu wa mtoto.

Hatua ya pili ni 1948, stesheni ya Shibuya, Tokyo, karibu na sanamu ya mbwa Hachiko. Akapewa kipeperushi chenye ushuhuda wa DeShazer. Aliyempa alikuwa Mmarekani mwingine. DeShazer alifika Japani kama mmishonari mwisho wa Desemba mwaka huo. Ndipo Fuchida akanunua Biblia, na kilichomshika ni Luka 23:34, "Baba, uwasamehe, kwa kuwa hawajui watendalo." Mwaka wa kuokoka kwake hutajwa 1949 au 1950, kwa hiyo msimulizi aseme "baada ya kusoma kwa muda" mambo yaishe.

Angalizo: ushuhuda wake wa imani tumieni, lakini simulizi zake za vita zipimeni. Watafiti waliolinganisha maelezo yake ya Midway na kumbukumbu za Kijapani wamemkosoa vikali, hasa pale aliposema zilibaki dakika 5 tu ndege zao ziruke wakashinde.

KatibuVijana_Ngamiani

Nawashukuru sana. Mswada naurudisha kwa mwenyewe. Kuna kijana anataka tumwingize na Louis Zamperini, yule mwanariadha wa Kimarekani wa Olimpiki ya Berlin 1936 aliyekuwa naye mateka wa Wajapani, akimkumbatia mtesaji wake. Inafaa?

MsomaRamani

Haikutokea. Zamperini aliokoka Los Angeles 1949 kwenye mkutano wa mhubiri Billy Graham, na mwaka 1950 akaenda gereza la Sugamo, Tokyo, kuwasamehe walinzi wa zamani ana kwa ana. Watanabe, mtesaji mkuu, hakuwamo, alikuwa mafichoni. Mwaka 1998 Zamperini alipokwenda Japani, mtu yule alikataa kuonana naye. Mwachie igizo lake mwenyewe.

Kuhusu wazee wa Keya, msimulizi atamke mistari miwili mwanzoni: mwaka 1944, DeShazer akiwa selo China, Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, na ndani yake kikosi cha 36 cha Tanganyika, ilikuwa ikipigana bonde la Kabaw, Bama. Isomeni kabla ya mbatata, taa zikiwa bado zinawaka, ili wenye babu zao wasikie vizuri.